Siku Tatu Ndani, Siku Tisini Nje: Uchambuzi wa Kisa cha Mlinzi wa Ghala la Uporoto

Kisa kinachochambuliwa hapa ni cha kubuni, na programu ya utafiti inayotajwa ndani yake haipo Uporoto wala mahali pengine popote. Sheria, vipimo na majaribio ya kisayansi yanayotajwa pamoja nacho ni vya kweli. Nimekichagua kwa sababu mazungumzo mengi kuhusu teknolojia ya kuchezea muda huishia kwenye swali la kama jambo hilo linawezekana, ilhali swali ambalo lingemfikia mtu wa kawaida kabla ya mengine yote ni la malipo: saa ikigawanyika mara mbili, mfanyakazi ahesabiwe kwa saa ipi?

Kisa chenyewe

Programu ilijenga ghala moja la majaribio katika nyanda za juu za Uporoto, upande wa Rungwe, mkoani Mbeya, Tanzania, kwenye baridi na ukungu ambako viazi mviringo ndilo zao linalosomesha watoto. Teknolojia yake ilikuwa nusu uhandisi na nusu uganga. Nguzo saba za chuma zilizunguka kuta, na mzee mmoja aliyeajiriwa kwa kazi hiyo alitamka maneno yake kila mlango ulipofungwa. Kuanzia hapo muda wa ndani ulipungua mwendo mara 30, hivi kwamba siku moja iliyopita ghalani ilikuwa sawa na siku 30 zilizopita nje. Lengo lilikuwa jema na ninalisema bila kusita: mkulima wa Uporoto huuza viazi kwa bei ya kutupa kwa sababu haviwezi kungoja, na ghala ambamo miezi mitatu inapita kama siku tatu lingempa nafasi ya kungoja bei ipande bila kiazi kuchipua wala kuoza.

Wakulima walitozwa ada ya kuhifadhi gunia kwa kila mwezi. Ndani aliwekwa mlinzi mmoja, mkazi wa kijiji cha jirani, mwenye mke, watoto na shamba la mahindi. Mkataba wake ulisema kwamba atalipwa mshahara wa mwezi, na kwamba siku za kazi zitahesabiwa "kwa saa ya kituo". Kwa akili yake kituo ni ofisi iliyoko barabarani, yenye bendera na saa kubwa ya ukutani inayoonwa na kila apitaye. Kwa programu kituo kilikuwa ghala.

Aliingia tarehe 1 Juni saa 12 asubuhi akiwa na godoro, jiko dogo la gesi, unga, dagaa, na parachichi sita ambazo mkewe alizichuma zikiwa ngumu ili ziivie huko huko. Alikaa saa 72. Zamu zake zilikuwa tatu, kila moja ya saa 9, na katikati yake alipika, akala, akalala. Mlango ulipofunguliwa, simu yake ilionyesha tarehe 4 Juni. Alipopiga hatua kama kumi kuelekea barabarani, simu ilishika mtandao, tarehe ikaruka hadi 30 Agosti, na ujumbe wa siku 90 ukaanza kuingia mfululizo, simu ikitetemeka mkononi bila kupumzika. Mkopo wa simu ulikuwa umepita muda wake. Kikundi cha vicoba kilikuwa kimemwandikia faini za kutohudhuria vikao vya kila wiki. Ujumbe wa shemeji yake ulieleza kwamba mahindi yamevunwa, na kwamba vibarua wamelipwa kwa kukata gunia mbili. Parachichi nne zilizobaki kwenye mfuko zilikuwa bado ngumu.

Ofisini alilipwa siku tatu. Msimamizi, kijana wa umri wa mwanawe mkubwa, alimfungulia rejesta kwa adabu. "Baba, zamu ni hizi tatu, na sahihi ni zako." Mlinzi aliitazama rejesta, hakuikana sahihi, akauliza swali moja tu: "Sasa mwanangu, ile ada ya viazi mliyowatoza wenyewe, na yenyewe ni ya siku tatu?"

Katika swali hilo kuna kesi nzima.

Saa mbili, na zote ni nzima

Jibu la kwanza la programu lilikuwa la kisayansi, nalo lilikuwa sahihi kwa kadiri lilivyokwenda. Programu ilisema kwamba saa ya ndani haikuharibika wala haikuchelewa, bali ilipima kwa ukamilifu muda uliopita mahali ilipokuwa. Hili halihitaji uchawi. Mnamo Oktoba 1971 wanafizikia Joseph Hafele na Richard Keating walipanda ndege za kawaida za abiria wakiwa na saa za atomu, yaani saa zenye usahihi mkubwa mno, wakaizunguka dunia kwa upande wa mashariki, kisha kwa upande wa magharibi, halafu wakazilinganisha na saa zilizobaki chini. Zilizokwenda mashariki zilikuwa nyuma kwa takribani nanosekunde 59 (nanosekunde ni sehemu moja ya bilioni ya sekunde), na zilizokwenda magharibi zilikuwa mbele kwa takribani nanosekunde 273. Hakuna iliyokuwa mbovu. Albert Einstein alikuwa ameeleza tangu 1905 na 1915 kwamba mwendo na mvutano wa dunia hubadili kasi ya muda wenyewe, na leo saa zilizomo kwenye satelaiti za GPS hurekebishwa kwa sababu zingekwenda mbele ya zetu kwa mikrosekunde 38, yaani sehemu 38 za milioni za sekunde, kila siku.

Hata nyumbani jambo hilo lipo. Mji wa Mbeya uko mita zipatazo 1,700 juu ya usawa wa bahari, na kwa kuwa mvutano hulegea kadiri tunavyopanda, saa ya Mbeya hukimbia mbele ya saa ya Dar es Salaam kwa takribani mikrosekunde 6 kwa mwaka. Mtu akiishi Mbeya miaka 70, atakuwa ameishi muda mrefu kuliko ndugu yake wa pwani kwa kiasi kisichofika hata nusu ya sehemu moja ya elfu ya sekunde. Hakuna mwajiri aliyewahi kubishana na mfanyakazi kuhusu hilo, wala hapaswi. Ghala letu la kubuni limefanya kitu kimoja tu: limeikuza tofauti ambayo tayari ipo hadi ikaonekana kwenye mshahara.

Hata hivyo sayansi hiyo hiyo inaonyesha mahali ambapo uganga wa kisa hiki unabeba mzigo wake, na waandishi wengi wa visa vya muda huparuka papo hapo bila kutazama. Mtu aliye mahali ambapo muda unakwenda polepole mara 30 hupokea kila kitu cha nje kikiwa kimeharakishwa mara 30, mwanga na joto vikiwemo. Hewa na kuta za Uporoto zenye nyuzijoto 15 za Selsiasi, yaani kelvini 288 kwa kipimo cha wanasayansi kinachoanzia kwenye baridi ya mwisho kabisa, zingemfikia kama kitu chenye kelvini 8,640, wakati uso wa jua wenyewe una takribani kelvini 5,800. Viazi vingeungua kabla ya zamu ya kwanza kwisha, na mlinzi pia. Kwa hiyo kazi kubwa ya nguzo na maneno ya mzee haikuwa kupunguza mwendo wa muda, bali kuzuia nje isiingie ndani. Ghala lilipaswa kufungwa kabisa dhidi ya mwanga, joto na sauti.

Jambo hili la kiufundi lina uzito wa kisheria, ndiyo maana nimelisimamia. Mlinzi hakuwa tu mahali pa kazi penye saa tofauti, bali alikuwa amekatwa na watu. Hata kama sauti ingepita, sauti ya mkewe yenye mitikisiko 200 kwa sekunde ingemfikia ikiwa na mitikisiko 6,000, mlio mwembamba kama wa mdudu, na sauti yake yeye ingetoka nje ikiwa nzito kiasi kwamba sikio la binadamu haliipati. Njia pekee iliyobaki ilikuwa tundu la kupitishia karatasi. Karatasi moja ilipita. Mkewe aliandika katikati ya Julai kwamba wale wa kausha damu, wakopeshaji wa riba kubwa, wamekuja na wanataka kuchukua cherehani, akaomba aambiwe pesa ya akiba iko wapi. Barua ilidondoka ndani mlinzi akiwa amelala. Alilala saa 8, kama mtu yeyote aliyetoka zamu, na nje zikapita siku 10. Alipoamka aliisoma, akaandika jibu kwa dakika kama mbili, na huko nje ikapita saa nzima nyingine. Cherehani ilikuwa imeshachukuliwa.

Mshahara unalipa nini?

Hoja ya pili ya programu ilikuwa na nguvu zaidi, na sioni haki ya kuipuuza. Ilisema kwamba mlinzi ametoa saa 27 za kazi, amezeeka siku tatu, amekula chakula cha siku tatu, na ndevu zake ni za siku tatu. Kumlipa miezi mitatu ni kumlipa kwa uchovu ambao mwili wake haukuupata. Tena, iliongeza, tukihesabu kwa saa ya nje kama anavyotaka, basi atakuwa amelala lindoni siku 10 mfululizo, mara tatu, na katika siku 90 atakuwa macho kazini chini ya siku 34. Mlinzi gani wa mwezi hulipwa kwa utaratibu huo?

Hoja hii inachukulia kwamba mshahara hulipa uchovu tu. Sivyo ilivyo, na nchini kwetu haijawahi kuwa hivyo. Anayelipwa kwa mwezi halipwi kwa jasho la kila saa, bali kwa kujiweka chini ya amri ya mwajiri na kuyaacha mambo yake mwenyewe kwa kipindi hicho. Dereva anayelala Makambako akisubiri mzigo hulipwa posho ya safari hata kama usiku huo hakugusa usukani, kwa sababu hakulala kwake. Mlinzi wetu hakulala kwake usiku 90. Hakuvuna, hakuhudhuria kikao, hakujibu barua kwa wakati, na kila kimoja kati ya hivyo kilitokea kwa sababu alikuwa pale alipoamriwa awe. Kuhusu usingizi, godoro liliingizwa kwa ruhusa na ratiba ya kulala iliandikwa na programu yenyewe. Mwajiri hawezi kupanga mfanyakazi alale, kisha usingizi ule ule aufanye kosa.

Linabaki swali la mlinzi kuhusu ada. Programu iliwatoza wakulima miezi mitatu ya kuhifadhiwa na kulindiwa mali. Kwa mkulima, huduma ilikuwa ya siku 90. Kwa mlinzi aliyeitoa huduma ile ile, chini ya paa lile lile, ilikuwa ya siku tatu. Watu wa Uporoto hawahitaji kufundishwa jambo hili, kwa kuwa wamelijua miaka mingi kwenye lumbesa, gunia lililoshonewa kilemba juu ambalo kwenye bei ni moja na kwenye uzito ni moja na nusu. Sheria ya Vipimo, Sura ya 340, imelipiga marufuku, na gunia halitakiwi kuzidi kilo 100, kwa sababu mwenye mzani asiachiwe kuchagua kipimo kimoja anapopokea na kingine anapolipa. Programu ilifanya lumbesa ya muda. Kosa lake halikuwa kupunguza mwendo wa saa. Kosa lilikuwa kushika saa mbili na kuitumia kila moja mahali ilipoinufaisha programu.

Ndiyo maana siungi mkono pendekezo lililotolewa na baadhi ya watu wa programu, kwamba mkataba ujao useme wazi "saa ya ndani" na mambo yaishe. Maneno yenye utata yalikuwa tatizo, ni kweli, na maneno ya namna hiyo husomwa dhidi ya aliyeyaandika. Kwa mkataba huu tu, hilo lingetosha kumpa mlinzi haki yake. Lakini mkataba ulio wazi kabisa na unaodhulumu bado unadhulumu, na mtu mwenye njaa ya kazi atausaini.

Kanuni ninayoipendekeza ni kwamba mfanyakazi ahesabiwe kwa saa iliyo ndefu kati ya hizo mbili, na ipimwe kwa kuigeuza. Tuseme programu ingejenga chumba cha kinyume, ambamo fundi anaingia jioni, anaishi na kufanya kazi miezi mitatu, na kutoka asubuhi ya pili. Hapo mwajiri yule yule aliyeshikilia saa ya ndani angekimbilia kalenda ya nje na kulipa usiku mmoja. Kila mtu angeona ubaya wake, kwa maana fundi ametumia miezi mitatu ya uhai wake. Katika ghala la Uporoto mlinzi hakutumia miezi mitatu ya uhai wake, lakini aliondolewa miezi mitatu kwenye uhai wa watu wake, na hicho pia ni kitu chake. Saa fupi humpunja mfanyakazi kwa pande zote mbili.

Kanuni hiyo ina mpaka. Ndugu mmoja wa mlinzi alidai saa zote 2,160 za nje zihesabiwe, na zinazozidi saa za kawaida zilipwe kama muda wa ziada. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya mwaka 2004, imeweka saa za kawaida zisizozidi 45 kwa wiki na 9 kwa siku, na malipo ya muda wa ziada yasiyopungua mara moja na nusu. Makusudi ya ukomo huo ni kulinda mwili usichoke kupita kiasi, na mwili wa mlinzi ulifanya kazi saa 9, ukalala, ukafanya tena saa 9. Kwa muda wa ziada, saa ya kufuatwa ni ile ambayo mwili uliishi. Dai la ndugu huyo halisimami. Mshahara wa miezi mitatu, likizo iliyojikusanya kwa miezi mitatu na michango ya hifadhi ya jamii ya miezi mitatu vinasimama.

Siku moja iliyochelewa

Mlinzi alipoamua kwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, inayosikiliza migogoro ya kazi, mjini Mbeya, alikuta kikwazo ambacho hakuna aliyekifikiria. Kanuni za mwaka 2007 zinataka mgogoro wa kuachishwa kazi upelekwe ndani ya siku 30, na migogoro mingine ndani ya siku 60 tangu ilipozuka. Mshahara wa Juni ulipaswa kulipwa tarehe 30 Juni, na haukulipwa. Siku 60 zikaisha tarehe 29 Agosti. Yeye alitoka ghalani tarehe 30.

Kwa simu yake mwenyewe, kati ya mshahara kukosekana na mlango kufunguliwa zilipita siku mbili na dakika 48. Kwa kalenda ya Tume alikuwa amechelewa. Mlango wa kisheria upo: anayechelewa huruhusiwa kuomba aongezewe muda akionyesha sababu ya msingi, na sidhani kuna sababu ya msingi kuliko kufungiwa na mdaiwa mwenyewe mahali ambapo habari haifiki. Lakini maombi hayo ni huruma ya anayesikiliza, na haki ya mtu haifai kutegemea huruma. Kama teknolojia ya namna hii ingekuwapo kweli, ukomo wa muda ungepaswa kuhesabiwa kuanzia siku mlango unapofunguliwa, na sharti hilo liandikwe kabla mtu wa kwanza hajaingia. Kibali cha utafiti, ambacho nchini hushughulikiwa na Tume ya Sayansi na Teknolojia iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1986, kingekuwa mahali pazuri pa kulidai sharti hilo. Programu ilihangaika zaidi na namna ya kuyaeleza maneno ya mzee bila kugusa Sheria ya Uchawi, Sura ya 18. Ninaelewa hofu yao, ila walielekeza macho yote kwenye uganga na kuacha rejesta bila mtu wa kuikagua.

Hoja ngumu kuliko zote niliyokutana nayo dhidi ya saa ndefu inahusu pensheni. Mfuko wa Taifa wa Hifadhi ya Jamii unataka michango ya miezi 180 ili mtu astahili pensheni ya uzeeni. Kwa saa ndefu, mlinzi anayekaa ghalani bila kutoka angetimiza miezi 180 ya nje akiwa ameishi miezi sita. Mtu angesema huo ni wizi wa mfuko. Nimeitazama hoja hiyo kwa muda na siikubali. Mtu huyo angetoka baada ya miaka 15 akute wazazi wamezikwa bila yeye, mtoto aliyemwacha darasa la kwanza ana mtoto wake, shamba lina mwenyewe mwingine, na ufundi aliokuwa nao umepitwa. Mwajiri angekuwa amelipa michango yote ya miaka 15 kwa ulinzi wa miaka 15. Sioni alichoiba.

Palipo na ugumu halisi ni kwenye umri. Kitambulisho chake kingesema miaka 60 huku mwili ukiwa na 45 na miezi kadhaa, na sheria inayomtaka apumzike ilitungwa kwa kudhani mwili na kitambulisho vimetembea pamoja. Hapo ningerudi kwenye saa ya mwili kama nilivyofanya kwenye muda wa ziada: astahili pensheni yake kwa kalenda ya nje, na asizuiwe kuajiriwa tena kwa kalenda hiyo hiyo. Kwa mlinzi wetu tofauti ni siku 87 tu, na hakuna anayemstaafisha. Anachodai ni mshahara wa Juni, Julai na Agosti, pamoja na thamani ya cherehani, na kwa hili la cherehani ningemshauri aidai kama hasara ya pekee, akiambatanisha barua ya mkewe na jibu lake kama ushahidi, kwa kuwa tarehe za karatasi hizo mbili, moja iliyoandikwa nje na nyingine ndani, haziwezi kusomwa pamoja bila kueleza ni nani aliyemfungia mtu humo na kwa saa ya nani.